Nani Kasema Ni Lazima Uukanyage Mji Ndipo Uuandike?

Na mwanachama wa Kidato cha Tatu

Muhula uliopita Chama chetu cha Kiswahili kilijadili hoja hii: "Mwandishi asiandike kuhusu mji wa kigeni ambao hajaukanyaga." Hoja ilipita, tena ilipita kwa makofi na kwa kupigwa madawati. Tokeo lake ni kwamba insha ya dada yetu mmoja wa Kidato cha Pili, iliyohusu mji wa Jeddah nchini Saudia, haimo katika jarida hili mnalolisoma. Iliondolewa kwa sababu mwenyewe, ati, hajapata kupanda hata ndege ya kwenda Nairobi. Mimi nilikaa upande wa upinzani. Muda ulikwisha kabla mwenyekiti hajaniita, na mhariri amenipa kurasa hizi ili niyatoe yaliyonikaa rohoni. Namshukuru. Sisemi kwa hasira, lakini pia sitampaka mtu mafuta kwa mgongo wa chupa.

Nianze na watetezi wa hoja. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Insha zetu za "Safari Yangu ya Ng'ambo" zinachosha kweli kweli. Kila mwaka mwalimu anasahihisha London ile ile: majumba yanayokuna mawingu, barabara nyeupe pe kwa theluji hata mwezi wa Julai, watu wanaokwenda mbio bila kusalimiana, na mwishowe msimulizi anaamshwa na kengele ya bweni, kumbe ilikuwa ndoto! Mwenzetu mmoja aliwahi kumfikisha shujaa wake mjini Paris, akamvusha mto kwa feri inayopiga king'ora, wauza njugu wakipita katikati ya magari kama vile wako Likoni. Darasa zima lilicheka. Nami nilicheka hadi machozi. Lakini hadi leo hiyo ndiyo Paris pekee ya insha za shule hii ninayoikumbuka. Zingine zote zimeyeyuka pamoja na theluji yao.

Ila naomba tuulizane. Je, ugonjwa wa insha hizi ni kutosafiri? Hebu chukueni zile insha za "Mji Wetu wa Mombasa". Waandishi wake wamezaliwa Majengo, Kisauni na Likoni. Wameukanyaga mji huo tangu walipoanza kutambaa. Lakini Mombasa wanayoiandika ni ya kadi ya posta: pembe za ndovu za barabara ya Moi, Ngome ya Yesu, minazi inayopepea, watalii wanaoota jua. Hamna mkokoteni wa maji. Hamna msongamano wa feri saa kumi na mbili asubuhi. Hamna harufu ya viazi karai wala ya mtaro ulioziba. Mtu anapita mjini kila siku, halafu anauandika kwa macho ya mgeni aliyekuja kwa siku mbili. Basi miguu yake imemfaa nini?

Watetezi walisema kwamba aliyefika ana ushahidi, na asiyefika ana uvumi. Maneno matamu hayo, ndiyo maana yalipigiwa makofi. Lakini tumwangalie msafiri ambaye hakuna atakayethubutu kumwambia kwamba hakufika. Ibn Battuta, mzaliwa wa Tangier kule Morocco, alifika pwani yetu mwaka 1331. Mombasa alilala usiku mmoja tu, kisha akashika njia ya Kilwa. Aliyoyasema juu ya Mombasa ni machache, na ni mazuri: kwamba watu wanakula ndizi na samaki, kwamba ni wacha Mungu, kwamba misikiti yao ni ya mbao iliyojengwa kwa ustadi, na kwamba mtu huosha miguu kabla ya kuingia. Kilwa aliisifu kuwa miongoni mwa miji mizuri kupita yote aliyoiona. Lakini kama maandishi yake yalivyotufikia, nyumba za Kilwa nazo ni za mbao.

Sasa, waliochimba magofu ya Kilwa walikuta nini? Mawe ya matumbawe! Msikiti Mkuu ni wa mawe. Jumba la Husuni Kubwa ni la mawe, na jumba hilo huhusishwa na sultani yule yule aliyempokea Ibn Battuta. Wataalamu wamebishana: pengine wanakili walikosea, pengine msafiri alikuwa akizisema nyumba za watu wa kawaida. Wabishane tu. Mimi ninachokishika ni kwamba kitabu kile hakikuandikwa Kilwa. Ibn Battuta alimsimulia mwandishi aitwaye Ibn Juzayy huko Morocco, na kazi ikakamilika mwaka 1355, yaani miaka 24 baadaye. Katikati hapo alikuwa amepita India, visiwa vya Maldivi na miji mingine isiyo na idadi. Kwamba alikumbuka jinsi watu wa Mombasa walivyoosha miguu, hilo ni la ajabu. Kwamba jiwe lingeweza kugeuka mbao kichwani mwake baada ya miaka yote ile, mimi sioni ajabu yoyote. Na Ibn Battuta ndiye bora wao.

Kuna waliofika na wakasema vibaya zaidi. Mnamo Aprili 1498 merikebu za Vasco da Gama zilitia nanga nje ya Mombasa. Wareno wawili walishuka, wakatembezwa mjini, wakarudi salama. Walikanyaga! Lakini da Gama alishuku njama, na shajara ya safari yao wenyewe inaeleza jinsi mateka walivyomwagiwa mafuta ya moto mwilini ili waseme kama kuna hila. Kisha wakaenda Malindi, wakapokewa kwa hisani. Mwaka 1572 mshairi wao Luís de Camões akachapisha utenzi mrefu uitwao Os Lusíadas, na humo Malindi ni mji wa wema na Mombasa ni mji wa hila. Kufikia wakati huo Wareno walikuwa wamekwisha kuichoma Mombasa mwaka 1505, wakaichoma tena mwaka 1528. Watoto wa Ulaya waliosoma utenzi ule waliijua Mombasa kama mji wa waongo. Nani aliwaambia? Waliofika!

Halafu mlinganishe na Mwingereza John Milton. Huyu alikuwa kipofu tangu mwaka 1652, na Afrika hakuja. Katika Paradise Lost ya mwaka 1667 anamwonyesha Adamu falme za dunia kutoka juu ya mlima, na miongoni mwake anazitaja Mombasa, Kilwa, Malindi na Sofala. Anazitaja tu, anapita. Kipofu aliyeketi London hakututukana. Sisemi kwamba kukaa mbali humtakasa mtu, la hasha. Wako maelfu walioandika upuuzi juu ya Afrika bila kuinuka vitini mwao, na hao nawaachia mwalimu wetu wa historia. Ninachosema ni kwamba mguu si kipimo. Tukiweka sheria ya mguu, tutamfukuza dada yetu wa Kidato cha Pili na kumkaribisha da Gama.

Basi tuweke kipimo gani? Hapo ndipo pagumu, na hapo ndipo niliposhinda maktabani wikendi mbili.

Kuna kitabu kikubwa cha picha katika rafu ya Sanaa, jalada lake limenyofoka. Humo mna michoro ya Mfaransa Claude Monet, ya mji wa London. Monet alikwenda kuchora London mara tatu kati ya mwaka 1899 na 1901. Ukisikia hivyo utadhani alizunguka mji mzima akibeba rangi zake. Hapana, bwana. Alikaa katika Hoteli ya Savoy kando ya mto Thames, akachora madaraja mawili yanayoonekana kutoka hapo, la Waterloo na la Charing Cross. Jumba la Bunge alilichora kutoka hospitali iliyo ng'ambo ya pili ya mto. Basi. Watu hawamo, au wamo kama vidoa. Mji uliokuwa mkubwa kuliko yote duniani wakati ule, yeye aliuona kutoka dirishani, tena kupitia ukungu. Na ukungu wenyewe si wa Mungu peke yake. Mwingi ulikuwa moshi wa makaa ya mawe. Katika barua moja aliyomwandikia mkewe mwaka 1900 anaeleza jinsi alivyoamka akashtuka kuona hakuna ukungu, akadhani kazi imeharibika, hadi mioto ilipowashwa na moshi ukarudi. Wakazi wa London walikuwa wakikohoa, yeye anafurahi!

La kunifurahisha zaidi ni hili: picha nyingi hakuzimalizia London. Alizibeba hadi kwake Giverny, Ufaransa, akazifanyia kazi huko kwa miaka, na mwaka 1904 akaonyesha 37 mjini Paris. Kwa hiyo London ile ambayo watu husafiri kwenda kuitazama katika majumba ya sanaa, sehemu yake ilichorwa na mtu asiyekuwa London. Rangi ya zambarau ya mto ule ilitoka wapi? Pengine ilitoka Thames. Pengine ilitoka kumbukumbuni. Mbona hakuna aliyemwondoa jaridani?

Sasa nimlete mtu ambaye hayumo vitabuni. Mama mdogo, ndugu yake mama yangu, alifanya kazi ya nyumbani Jeddah kwa miaka miwili. Aliyemwajiri alichukua pasipoti yake siku ya kwanza, na ruhusa ya kupiga simu ilikuwa Ijumaa tu. Ukimwambia mama mdogo akueleze Jeddah, hana mnara wa kukuonyesha wala soko la kukutembeza. Ana dirisha la jikoni, ghorofa ya tatu. Chini ya dirisha pana maegesho ya magari, paka watatu, na mzee mmoja mgeni kama yeye aliyekuwa akiosha magari kila alfajiri kwa ndoo moja. Hawakuwahi kuzungumza. Lakini mama mdogo anajua gari gani linaondoka saa ngapi, na paka gani analala juu ya boneti likiwa bado na joto. Anajua maji yanavyodondoka kutoka mashine ya kupozea hewa ya jirani, matone mangapi kabla chai haijachemka. Anajua kwamba mwezi wa Agosti ukuta wa jikoni unakuwa na moto hata kabla jua halijachomoza.

Bahari aliiona mara mbili kwa miaka miwili, kupitia kioo cha gari. Mtu wa Likoni huyo! Tena mara moja gari lilipita kando ya mtaa wa kale, akaona majumba marefu ya mawe ya matumbawe yenye roshani za mbao zilizochongwa, akaruka kitini. Alidhani yuko Mji wa Kale, yuko karibu kufika kwao. Baadaye nilikuja kusoma kwamba mtaa ule huitwa Al-Balad, kwamba uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2014, na kwamba zile roshani hata wenyewe wa Jeddah huziita kwa jina linalofanana na letu: roshan, na wingi wake rawashin. Mama mdogo hakuyasoma hayo popote. Aliona mara moja, gari likiwa mbioni, akajua ni ndugu.

Siku moja nilimwomba anichoree Jeddah katika daftari langu. Alichora jiko, dirisha, magari na paka watatu. Nikamwuliza, "Bahari iko upande gani, mama?" Akafikiri kidogo, akaichora upande wa kushoto, chini, ilipo feri. Watetezi wa hoja wangemwambia amefika, kwa hiyo ana ruhusa ya kuandika. Na Monet naye angekuwa na ruhusa. Mimi nawaona sawa: mmoja na dirisha la hoteli, mwingine na dirisha la jikoni. Tofauti ni kwamba Monet aliweza kutoka nje.

Na hii insha iliyofukuzwa je? Niliisoma, na mwenyewe ameniruhusu kuisema. Mama yake yuko Jeddah mwaka wa pili sasa, kwa kazi ile ile. Insha inaanza kwa kueleza waziwazi kwamba mwandishi hajafika huko, na kwamba mji anaujua kwa simu. Mji wote umejengwa kwa sauti zinazosikika nyuma ya mama yake. Kuna adhana, lakini inakuja kabla ya wakati wake au baada, haielekei kulingana na ya kwetu. Kuna kiyoyozi. Kuna lifti: mlango wake ukilia, mama ananong'ona, na simu inakatika. Kuna mtoto. Mwandishi anamsikia mtoto huyo akiitwa, akibembelezwa, akiamshwa kwenda shule, na anayemwamsha ni mama yake mwandishi. Mnara haumo hata mmoja. Theluji haimo. Jengo la kukuna mawingu halimo. Nilipoisoma kwa sauti nyumbani, mama mdogo aliacha kumenya viazi.

Mtu mmoja aliuliza wakati wa mjadala, "Tutajuaje kwamba Jeddah ndivyo ilivyo?" Swali zuri. Jawabu langu ni kwamba hatukuambiwa Jeddah ndivyo ilivyo. Tumeambiwa ndivyo inavyosikika simuni na mtoto aliyebaki. Mwandishi amesema amesimama wapi. Hicho ndicho kipimo changu, na nilikipata kwake, si kitabuni. Mwandishi akituonyesha dirisha lake tunaweza kumpima. Anayetudanganya ni yule anayejifanya hana dirisha, yule anayeandika "London ni mji mzuri sana" kana kwamba ameuona wote kwa jicho la ndege.

Tena msije mkadhani mambo haya ya kuandika miji ya mbali ni ya Wazungu na Waarabu peke yao. Kiswahili chetu kina waandishi wa miji ya ng'ambo tangu zamani, na inasikitisha kwamba maktaba yetu haina hata kimoja cha vitabu vyao. Amur bin Nasur wa Unguja alikwenda Berlin mwanzoni mwa miaka ya 1890 kufundisha Kiswahili katika chuo cha lugha za Mashariki, akaacha habari za mji ule kwa Kiswahili. Salim bin Abakari, Mngazija, alisafiri mwaka 1896 pamoja na Mjerumani mmoja hadi Petersburg, Moscow na Siberia, na habari yake, Safari Yangu ya Urusi na ya Siberia, ilichapishwa mwaka 1901 katika mkusanyiko wa Carl Velten uitwao Safari za Wasuaheli. Fikirini hayo! Reli ilikuwa haijafika Nairobi, na tayari Mswahili ameiona Moscow. Lakini hapa pia yafaa tuulize habari za dirisha. Waliotaka maandishi yale walikuwa Wajerumani, na miongoni mwa matumizi yake ilikuwa kujifunzia lugha. Mtu anayemwandikia mwenyeji wake habari za mji wa mwenyeji huyo hasemi yote. Ningependa kujua Salim aliwaambia nini watu wa kwao aliporudi, barazani, bila kalamu ya mtu.

Yuko pia Sayyida Salme, binti wa Sultan Said, aliyezaliwa Unguja mwaka 1844. Alitoroka Unguja mwaka 1866, akaolewa na mfanyabiashara wa Kijerumani, akahamia Hamburg, akaitwa Emily Ruete. Mumewe alifariki mwaka 1870 kwa ajali ya tramu, naye akabaki mjane na watoto watatu katika mji wa baridi, miongoni mwa watu wasiojua hata jina lake la kwanza. Mwaka 1886 kumbukumbu zake zikachapishwa kwa Kijerumani. Huyu kwangu ndiye mgumu kuliko wote, kwa sababu anauliza swali ambalo mjadala wetu haukuliuliza: mji wa kigeni ni upi? Hamburg aliyoishi, au Unguja aliyoiacha? Aliporudi Unguja mwaka 1885 kwa muda mfupi, alikuja kama mgeni juu ya merikebu ya Kijerumani, na nduguye Barghash, aliyekuwa Sultani, hakumpokea. Majumba aliyoyaeleza kitabuni kwa upole wote ule alikuwa ameyaona mara ya mwisho akiwa msichana. Aliukanyaga mji huo kila siku, kisha hakuukanyaga kwa miaka 19. Sheria ya mguu ingemwambia nini? Alifariki Jena mwaka 1924, na husimuliwa kwamba alizikwa pamoja na kifuko cha mchanga wa Unguja.

Katika siku zetu yuko Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Unguja pia, aliyekwenda Uingereza kijana katika miaka ya 1960 na kupata Tuzo ya Nobel mwaka 2021. Riwaya yake By the Sea ya mwaka 2001 ina mzee kutoka Unguja anayewasili uwanja wa ndege wa Gatwick kuomba hifadhi. Mzee amebeba kijisanduku cha udi. Afisa wa uwanjani anakichukua. Nimekwisha kuwaambia watu wa bweni letu kwamba Uingereza yote imo katika kitendo kile, kwa mtu aliyelelewa katika nyumba inayofukizwa udi. Mwandishi mwingine angeanza na Big Ben. (Riwaya yake nyingine, Paradise, ilitoka kwa Kiswahili mwaka 2022 kwa jina la Peponi. Mwalimu mlezi wa chama, ukisoma hapa, tunaomba nakala hata mbili.)

Nimebakisha mmoja, na huyu ndiye wa kumsikitisha kabisa mtetezi wa hoja. Franz Kafka wa mji wa Prague hakupata kwenda Marekani. Lakini riwaya yake iliyochapishwa mwaka 1927, miaka mitatu baada ya kifo chake, na kuitwa Amerika, inaanza na kijana anayeingia bandari ya New York kwa meli. Kijana anaitazama Sanamu ya Uhuru. Na sanamu, mkononi mwake, imeshika upanga. Kila mtu anajua kwamba sanamu ile imeshika mwenge! Mbele zaidi kuna daraja linalounganisha New York na Boston, jambo ambalo ramani yoyote itakuambia haliwezekani. Mwalimu wa jiografia angemaliza kalamu nyekundu.

Lakini kijana yule amefukuzwa na wazazi wake mwenyewe. Anaingia nchi ya watu na sanduku moja. Nilipomsimulia mama mdogo kisa hiki, yeye ambaye hajapata kumsikia Kafka, hakuona kosa lolote. Alinyamaza, akaniambia kwamba alipotua Jeddah usiku ule, akasimama katika foleni akisubiri mtu asiyemjua aje kumchukua, taa za uwanja zilikuwa kali kama visu. Mimi nimeangalia picha za uwanja ule. Taa ni za kawaida.

Kwa hayo naona hoja iliyopita irudishwe kikaoni na ijadiliwe upya. Wengi humu tumesoma Siku Njema ya Ken Walibora, na kila aliyeisoma ana Tanga yake kichwani, ingawa wengi wetu hatujavuka mpaka wa Lungalunga. Hakuna aliyetuambia tuifute. Tusiwe na sheria moja tunaposoma na nyingine tunapoandika. Na wale wanaopenda London waendelee na London yao, ila wasituletee theluji ya Julai. Watuletee kitu kimoja walichokisikia kwa mtu mmoja aliyewahi kufika, watuambie ni nani na alisimama wapi. Shule hii imejaa watoto ambao wazazi wao, kaka zao na shangazi zao wako Doha, Muscat, Dubai na Riyadh. Simu zao zinajua miji ile kuliko ramani ya ukutani.

Insha ya dada yetu ichapishwe katika toleo lijalo bila kubadilishwa hata nukta, lifti na kila kitu. Mkataba wa mama yake unaisha mwezi wa Agosti. Akifika ataisoma mwenyewe, naye ataweza kumwambia bintiye kama mlango ule ndivyo ulivyokuwa ukilia.